Nyumba za Mawe za Mikindani: Darasa la Usanifu Majengo Katika Pwani ya Kusini

Msafiri atokaye Mtwara mjini kuelekea Lindi, baada ya kilometa zipatazo 10 tu, huteremka kwenye ghuba tulivu iliyozungukwa na minazi na vilima vya kijani. Hapo ndipo Mikindani. Kando ya barabara ataona nyumba za ghorofa zenye kuta nene za mawe, baadhi zikiwa na milango ya nakshi, na baadhi zikiwa zimebaki kuta tupu ambazo ndani yake mbuyu au mtini umeota. Juu kidogo, mlimani, ataliona Boma jeupe lililojengwa na Wajerumani mwaka 1895. Katikati ya majengo hayo ya mawe zimo nyumba za miti na udongo zilizoezekwa makuti, ambazo ndizo makao ya watu wengi tangu zamani.

Wapitao wengi huyatazama majengo hayo kama kumbukumbu za historia tu. Katika makala haya tunakusudia kuyatazama kwa jicho la sayansi. Tutajiuliza: nyumba hizi zimejengwa kwa nini, zinasimamaje, na zinampozaje mkazi wake? Tena tutajiuliza swali lililo gumu zaidi: je, tunaweza kuzitengeneza bila ya kuiharibu bahari iliyozizaa?

Mafundi kabla ya chuo

Elimu ya usanifu majengo haikuanzia chuo kikuu. Kilwa Kisiwani, kaskazini ya Mikindani, Msikiti Mkuu ulianza kujengwa katika karne ya 11, ukapanuliwa baadaye kwa kuba na matao ambayo hata leo humstaajabisha mhandisi. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara yaliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1981. Waliojenga huko hawakuwa na shahada. Walikuwa na mwalimu, ambaye ni fundi mkuu. Walikuwa na maabara, ambayo ni kiwanja cha ujenzi. Na mtihani wao ulikuwa mvua ya masika na uzito wa paa.

Usanifu majengo kama somo la chuo ulikuja Afrika Mashariki katikati ya karne ya 20. Chuo cha Ufundi cha Kifalme kilifunguliwa Nairobi mwaka 1956, na kikawa na idara ya usanifu majengo. Wakati wa Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki, kati ya 1963 na 1970, masomo yaligawanywa baina ya nchi tatu: udaktari ulikuwa Makerere, sheria Dar es Salaam, na uhandisi pamoja na usanifu majengo Nairobi. Kwa hiyo kijana wa Tanzania aliyetaka kuwa msanifu majengo hakuwa na budi kuvuka mpaka. Wengine walikwenda mbali zaidi. Beda Amuli, aliyesanifu Soko la Kariakoo lililojengwa katika nusu ya kwanza ya miaka ya 1970, alisomea Technion, mjini Haifa.

Nchini Tanzania mbegu ilikuwa imepandwa mwaka 1956 kwa shule ndogo ya wapima ardhi iliyokuwa Mgulani, Dar es Salaam. Mwaka 1958 shule hiyo ilihamia mahali ilipo sasa, kilimani, karibu na Mlimani. Katika miaka ya 1970 ilikuwa Chuo cha Ardhi, na usanifu majengo ukawa miongoni mwa masomo yake. Mwaka 1996 kilifanywa chuo kishiriki cha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na mwaka 2007 kikawa Chuo Kikuu cha Ardhi. Hivyo, shule iliyoanza kwa kufundisha kupima viwanja iliishia kufundisha namna ya kuvijenga.

Jengo la shule ya usanifu lina kazi mbili. Kwanza, huwahifadhi wanafunzi na meza zao za kuchorea. Pili, lenyewe ni somo: mwanafunzi hukaa ndani yake, huona mwanga unavyoingia, huhisi joto la saa nane mchana, na husikia kama sauti ya mwalimu inafika nyuma. Lakini hakuna jengo moja liwezalo kufundisha kila kitu. Kwa sababu hiyo mwanafunzi wa usanifu hutumwa nje akapime nyumba zilizosimama kwa miaka mia moja au zaidi. Kwa pwani ya kusini, Mikindani ni mojawapo ya madarasa bora ya namna hiyo.

Mji uliosahauliwa ukahifadhika

Mikindani ilikuwa bandari ya majahazi yaliyofuata pepo za msimu. Ni kutoka hapo, mwaka 1866, David Livingstone alipoanza safari yake ya mwisho ya kuingia bara. Biashara ya pembe, mpira na nafaka, na pia biashara dhalimu ya watumwa, iliwaleta wafanyabiashara waliojenga nyumba za mawe karibu na maji. Wajerumani waliifanya Mikindani makao ya utawala wao, na Waingereza wakaendelea nayo.

Baada ya Vita Kuu ya Pili ulikuja Mpango wa Karanga. Serikali ya Uingereza ilikusudia kulima karanga katika maeneo makubwa ya Tanganyika, Nachingwea likiwa mojawapo, na kwa ajili hiyo ilihitaji bandari yenye kina kirefu. Mtwara ikachaguliwa. Mji mpya ulipimwa kwa barabara pana na viwanja vikubwa, reli ikajengwa kwenda Nachingwea, na gati ikakamilika mwaka 1954. Ajabu ni kwamba wakati huo mpango wenyewe ulikuwa umekwisha kuvunjwa tangu 1951. Reli nayo iling'olewa katika miaka ya 1960.

Utawala ulipohamia Mtwara, Mikindani ilikosa fedha za kujenga upya, na kwa hiyo nyumba za zamani hazikubomolewa ili kupisha mpya. Lakini zilikosa pia fedha za matengenezo. Nyumba ya mawe isiyotengenezwa hufa polepole, nasi tutaeleza hapa chini inavyokufa.

Jiwe lililokuwa kiumbe

Malighafi ya kwanza ya nyumba hizi ni matumbawe. Tumbawe ni kazi ya wanyama wadogo wa baharini ambao huchota madini kutoka katika maji na kujijengea mifupa ya kalisi kabonati, yaani CaCO₃. Mifupa hiyo ikirundikana kwa maelfu ya miaka huwa mwamba. Bahari iliposhuka zamani za kale, sehemu ya miamba hiyo ilibaki nchi kavu, na ndiyo tunayoiona leo katika kingo nyingi za pwani yetu.

Mafundi walitofautisha mawe ya aina mbili. Jiwe la nchi kavu ni gumu, lina matundu na sura isiyo sawa; hilo lilitumiwa kwa kuta. Jiwe linalokatwa baharini lingali bichi ni laini na jepesi, huchongeka kwa shoka au tezo, kisha hukauka na kuwa gumu. Hilo lilitumiwa kwa nakshi, vizingiti, matao na mihrabu, kama inavyoonekana Kilwa.

Malighafi ya pili ni chokaa, ambayo nayo hutokana na jiwe hilo hilo. Kwa kawaida magogo hupangwa kwa duara, matumbawe huwekwa juu yake, na rundo lote huchomwa. Joto likifikia takriban nyuzi 900 za Sentigredi, mabadiliko haya hutokea:

CaCO₃ → CaO + CO₂

Hewa ya kabonidayoksaidi hupanda angani, na kinachobaki ni chokaa kali. Ikimwagiwa maji, chokaa hiyo huchemka kwa kishindo na kutoa joto jingi:

CaO + H₂O → Ca(OH)₂

Hii ndiyo chokaa iliyozimwa. Fundi huichanganya na mchanga, au na udongo mwekundu, akajengea. Kisha ukuta huanza kuvuta kabonidayoksaidi kutoka hewani:

Ca(OH)₂ + CO₂ → CaCO₃ + H₂O

Mwanafunzi atatambua kwamba tumerudi tulikoanzia. Ukuta wa chokaa unapokauka hugeuka tena kuwa jiwe, kwa kadiri chokaa yake inavyokutana na hewa. Kazi hiyo huendelea kwa miezi, na ndani ya ukuta mnene kwa miaka mingi.

Tufanye hesabu. Tani moja ya matumbawe safi hutoa kilo 560 za chokaa kali na kilo 440 za kabonidayoksaidi. Chokaa hiyo ikinywa kilo 180 za maji huwa kilo 740 za chokaa iliyozimwa. Hewa iliyotoka katika jiwe hurejea ukutani polepole, lakini hewa iliyotoka katika magogo hairejei ukutani. Hiyo hurejea tu pale miti mipya inapoota mahali pa ile iliyokatwa.

Kwa nini vyumba ni vyembamba?

Malighafi ya tatu ni boriti. Upande wa kusini wa Mtwara, mto Ruvuma unapoingia baharini, upo msitu mkubwa wa mikoko. Hapo hupatikana mkoko, msinzi, mkandaa, mchu na jamaa zao. Watu wa pwani waliigawa miti hiyo kwa unene: fito, pau, mazio, boriti na nguzo, na kila kipimo kilikuwa na kazi yake katika nyumba. Mti wa mkoko ni mzito, umenyooka, na mchwa haumwezi kwa urahisi. Kwa karne nyingi majahazi yaliichukua miti hii hadi Uarabuni na Ghuba ya Uajemi, ambako miti ya kujengea ilikuwa adimu.

Anayeingia katika nyumba ya mawe hugundua kwamba chumba ni kirefu lakini chembamba. Upana wake aghalabu hauzidi mita 3. Wengine hudhani ni desturi tu. Sababu yake ni boriti. Juu ya boriti hupangwa vipande bapa vya mawe, kisha hushindiliwa kifusi na chokaa, na watu huipiga sakafu hiyo kwa vibao hata ishikamane.

Tukadirie kwamba sakafu hiyo ina unene wa sentimeta 30, kwamba kila mita ya ujazo ina uzito wa kilo 1,800, na kwamba boriti zimeachana kwa sentimeta 30. Kila mita moja ya boriti itabeba 0.3 × 0.3 × 1,800, yaani kilo 162. Boriti ya mita 2.5 itabeba kilo 405. Je, tukijenga chumba cha upana wa mita 5? Uzito utakuwa kilo 810, mara mbili. Lakini nguvu inayoikunja boriti katikati hukua kwa mraba wa urefu, kwa hiyo itakuwa mara nne. Boriti itavunjika. Fundi wa Mikindani hakuandika kanuni hiyo kwenye karatasi, ila aliijua, na aliiandika katika upana wa chumba.

Joto, upepo na kivuli

Mtwara ipo karibu nyuzi 10 kusini ya Ikweta. Jua hupita utosini kabisa mara mbili kwa mwaka, mnamo tarehe 20 Oktoba na tarehe 22 Februari. Mwezi Juni jua la adhuhuri huwa upande wa kaskazini. Mwezi Desemba huwa kusini. Katika nyakati zote paa ndilo linalopigwa na jua zaidi, na baada ya paa ni kuta za mashariki na magharibi, kwa kuwa asubuhi na jioni jua huwa chini na huupiga ukuta uso kwa uso. Kwa hiyo msanifu mwenye busara huziacha kuta hizo zikiwa fupi na zenye madirisha machache, akaziweka kuta ndefu kaskazini na kusini ambako upenu mdogo watosha kuzitia kivuli.

Ukuta wa mawe wa unene wa nusu mita huchukua saa nyingi kupitisha joto. Ndani yake mchana ni baridi kidogo kuliko nje. Lakini usiku ukuta huo huanza kulirudisha joto ndani, na mlalaji huona dhiki. Nyumba ya miti na udongo, yenye makuti, hufuata kanuni nyingine. Makuti hayahifadhi joto, upenu wake mrefu huzitia kuta kivuli, na nafasi kati ya ukuta na paa hupitisha upepo wa kusi na wa kaskazini. Usiku hupoa upesi.

Hapa pana fundisho kubwa. Katika nchi za jangwa, ambako usiku ni baridi sana, ukuta mnene una faida kubwa. Katika pwani yenye unyevu, ambako tofauti ya joto kati ya mchana na usiku ni ndogo, upepo na kivuli vina thamani zaidi. Nyumba ya mkulima wa Mikindani, ambayo wageni waliidharau, ilikuwa na elimu ambayo nyumba ya tajiri iliikosa. Sasa nyumba nyingi mpya zina kuta nyembamba za matofali ya saruji na paa la bati lisilo na dari. Hizo hazina unene wa jiwe wala upepo wa makuti. Bati lina faida zake, kwa kuwa hudumu na halishiki moto kama makuti, lakini lahitaji dari na matundu ya kutolea hewa ya moto.

Nyumba ya mawe inavyokufa

Ugonjwa huanzia juu. Paa likipasuka, maji huingia na kulowesha vichwa vya boriti mahali zinapoingia ukutani. Hapo huoza kwanza. Boriti moja ikianguka huvuta sakafu, na ukuta uliokuwa umeshikiliwa na sakafu hiyo hubaki peke yake. Mbegu ya mtini ikidondoshwa na ndege juu ya ukuta, mizizi hufanya yaliyobaki.

Ugonjwa wa pili huanzia chini. Maji yenye chumvi hupanda ndani ya ukuta kama mafuta ya taa yanavyopanda katika utambi. Yakifika usoni hukauka, na chumvi huganda kuwa fuwele zinazovunja jiwe. Lipu ya chokaa hupumua: huruhusu maji yatoke, nayo huharibika badala ya jiwe, ikabadilishwa kila baada ya miaka. Lakini wengi sasa hutengeneza kwa saruji, ambayo ni rahisi kupatikana, hasa tangu kiwanda kikubwa cha saruji kilipoanza kazi Mtwara mwaka 2015. Saruji ni nzuri mahali pake. Ikipakwa juu ya ukuta wa matumbawe huyafungia maji ndani, chumvi huganda nyuma yake, na baada ya muda lipu hubanduka pamoja na uso wa jiwe. Mwenye nyumba aliyetumia fedha zake kwa nia njema hujikuta ameharakisha kifo cha nyumba yake.

Sheria nayo haitoshi. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 hulinda moja kwa moja majengo yaliyojengwa kabla ya 1863. Boma la Mikindani na nyumba nyingine zilizojengwa mwishoni mwa karne ya 19 zimeupita mwaka huo, na kwa hiyo huhitaji kutangazwa rasmi ili zilindwe.

Hata hivyo Boma limeonyesha kwamba matengenezo yawezekana. Lilikuwa limechakaa, na mwishoni mwa miaka ya 1990 lilikarabatiwa na shirika la hisani la Uingereza liitwalo Trade Aid, likageuzwa hoteli ambamo vijana wa hapo walifundishwa kazi. Jengo lililokuwa la kutawala watu likawa la kuwafundisha.

Deni la bahari

Sasa tumefika kwenye lile swali gumu. Ikiwa nyumba za zamani zahitaji chokaa, chokaa hiyo itoke wapi?

Kwa miaka mingi chokaa katika pwani ya Mtwara, pamoja na ghuba ya Mikindani, imechomwa kwa matumbawe hai. Wachomaji wana sababu zao: tumbawe la baharini huvunjika kwa mtaimbo, ni jepesi, na kazi hii haihitaji mtaji mkubwa. Ni riziki ya watu wasio na mashamba ya kutosha. Lakini tumbawe la mviringo la aina ya Porites hukua kwa takriban sentimeta moja tu kwa mwaka. Jiwe lenye kipenyo cha mita moja limechukua kiasi cha miaka 50 kufika hapo, na mtaimbo hulivunja asubuhi moja. Mahali lilipokuwa, samaki hukosa maficho, na mawimbi yaliyokuwa yakivunjikia mwambani hufika pwani na nguvu zake zote. Kuni za tanuri, zikiwa ni mikoko, huondoa ngome ya pili ya pwani. Tena mwaka 1998 joto la bahari liliua matumbawe mengi katika Bahari ya Hindi ya magharibi, kwa hiyo yaliyosalia yana thamani kubwa zaidi.

Mwaka 2000 serikali ilianzisha Hifadhi ya Bahari ya Ghuba ya Mnazi na Maingilio ya Mto Ruvuma, yenye eneo la kilometa za mraba 650, ambazo 220 kati yake ni nchi kavu. Hifadhi hiyo ina matumbawe, mikoko na majani ya bahari, na ndani yake wanaishi watu.

Msanifu wa leo hawezi kusema, "Mimi nashughulika na nyumba, bahari ni ya wengine." Kikapu kimoja cha chokaa kinaunganisha kazi zote mbili. Njia ipo, nayo ni ya kikemia: CaCO₃ ya mwamba wa nchi kavu ni ile ile ya tumbawe hai. Chokaa inayochomwa kutokana na mawe ya bara, katika tanuri lililofungwa lisilopoteza joto kama rundo la wazi, hutengeneza nyumba bila kugusa mwamba ulio hai. Jiwe hilo ni zito, ni gumu kuchimba, na gharama yake ni kubwa zaidi. Tofauti hiyo ya gharama haifai kuachiwa mchomaji maskini peke yake. Wote tunaotaka nyumba na samaki hatuna budi kuichangia.

Kazi kwa wanafunzi

Mwalimu anaweza kuongoza majaribio haya, yasiyohitaji vifaa vingi.

1. Okota vipande vya tumbawe lililokufa ufukweni. Usivunje lililo hai. Tia matone ya siki. Mapovu yatokayo ni kabonidayoksaidi. Fanya vivyo hivyo kwa kipande cha lipu ya zamani kilichoanguka, na ueleze kwa nini nacho hutoa mapovu.

2. Puliza pumzi kwa mrija katika maji safi ya chokaa, bila kuyavuta mdomoni. Maji yatageuka meupe kama maziwa. Umeona kwa dakika moja kazi ambayo ukuta huifanya kwa miaka. Chokaa kali isishikwe na wanafunzi, kwani huunguza ngozi na macho.

3. Tundika vipimajoto katika nyumba ya mawe, nyumba ya makuti na nyumba ya bati. Soma kila saa, kuanzia saa 12 asubuhi hadi saa 4 usiku. Chora grafu tatu kwenye karatasi moja, kisha useme ni nyumba ipi ingekufaa kwa kazi ya mchana na ipi kwa usingizi.

4. Kwa ruhusa ya mwenyewe, pima nyumba moja ya zamani: urefu, upana, unene wa kuta, idadi ya boriti na nafasi kati yake. Chora ramani yake kwa kipimo cha 1:50, uandike tarehe, na uihifadhi katika maktaba ya shule. Waulize pia mafundi wazee majina ya zana na ya sehemu za nyumba.

Kazi hii ya nne isidharauliwe. Nyumba ikianguka, mchoro wenu huenda ukawa ndio ushahidi pekee uliobaki. Na ikitengenezwa, fundi atauhitaji. Hivyo ndivyo wanafunzi wa vyuo vya usanifu waanzavyo mafunzo yao, kwa futi ya kupimia, penseli na subira. Mwanafunzi wa Mtwara ana bahati kwamba darasa lenyewe liko kilometa 10 tu kutoka mjini, na mlango wake haujafungwa bado.